Kinanda Chini ya Maombi

Kuna kodi moja ambayo ukiipiga polepole, kwa sauti ya nyuzi, chini ya mtu anayesema "fumba macho yako hapo ulipo", watu hulia. Naijua vizuri. Siri yake ni noti ya kati, ile inayoamua kama kodi ni ya furaha au ya huzuni. Usiibonyeze mapema. Acha masikio ya watu yaitamani kwanza. Mhubiri akivuta pumzi, ndipo uishushie kidole. Safu ya tatu kutoka mbele mtu atainamisha kichwa, na ukishamwona mmoja, wengine wako njiani.

Nimepiga kinanda makanisani tangu kidato cha tatu. Naishi Makumira, kwenye migomba iliyo juu ya barabara ya Moshi, na kwa miaka minne kila Jumapili nilipanda daladala alfajiri kwenda Arusha mjini kupiga katika kanisa ambalo sitalitaja jina. Nililipwa shilingi 30,000 na sahani ya pilau. Nyuma ya ukumbi alikaa fundi mitambo, rafiki yangu, na miksa yake yenye vitufe vingi kuliko anavyovihitaji. Mhubiri alikuwa na ishara zake kwetu. Akigusa tai, nipandishe nusu toni. Akiweka kiganja kifuani, nibaki na noti moja ndefu, na fundi mitambo aongeze mwangwi kwenye maiki, kidogo tu, ili sauti ionekane inatoka mahali pakubwa kuliko kifua cha mwanadamu. Tulifanya mazoezi ya ishara hizo Ijumaa jioni, ukumbi ukiwa mtupu. Waumini hawakuwahi kuambiwa kwamba zipo.

Nilipokuwa shule nilipenda sana hadithi za ulimwengu wa kubuni, zile zenye mafundi wanaofuma sauti kama wengine wanavyofuma ukili: huyu anafunga jeraha kwa mluzi, yule anafungua kufuli kwa kuimba. Niliwaonea wivu. Ilinichukua muda kugundua kwamba kazi hiyo ipo, ina mshahara mdogo, na naifanya.

Sasa kisa chenyewe. Mwaka juzi tulikuwa na Jumapili ya ahadi za ujenzi. Mhubiri alikwisha kuhubiri, akawaomba watu wafumbe macho, akagusa tai, akaweka kiganja kifuani. Nikafanya yangu. Katika safu zile za mbele alikuwapo mama mmoja wa kwetu, muuza ndizi, ambaye mara nyingi tulipanda naye daladala moja. Nilimwona akifungua Biblia yake, akatoa bahasha iliyokuwa imekunjwa katikati, akaenda mbele analia, akaiweka kapuni. Nakumbuka nilijisikia vizuri. Nilifikiri: leo kodi imekaa.

Wiki chache baadaye, siku ya Jumatano, nilikuwa soko la Tengeru. Binti wa mama yule alikuwa ameketi nyuma ya mikungu ya ndizi. Yule binti alikuwa anasomea ushonaji katika chuo cha ufundi, na muhula ulikuwa umeshaanza. Nikamuuliza kulikoni. Akaniambia, bila kinyongo, kama mtu anayetaja bei: "Ada mama alitoa sadaka. Nitarudi muhula ujao, kaka, Mungu akipenda."

Nilinunua ndizi ambazo sikuzihitaji.

Utetezi wa kwanza niliojipa ulikuwa wa kisheria: mimi sikusema neno. Aliyesema "toeni" ni mhubiri. Kinanda hakina lugha, na hakuna noti iliyowahi kumwomba mtu hela.

Utetezi huu umewahi kupimwa mahakamani, tena karibu na hapa. Kama kilomita 20 kutoka Makumira, katika majengo ya AICC, ndiko ilikokaa Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda mpaka ilipofungwa mwishoni mwa mwaka 2015. Kati ya walioletwa kizimbani pale, pamoja na mawaziri na maofisa wa jeshi, alikuwamo mwanamuziki. Simon Bikindi alikuwa mtunzi na mwimbaji aliyejulikana Rwanda nzima, kiongozi wa kikundi cha ngoma kilichoitwa Irindiro. Alikamatwa Uholanzi mwaka 2001, akaletwa Arusha mwaka uliofuata. Waendesha mashtaka waliziweka mezani nyimbo zake tatu, zikatafsiriwa na kuchambuliwa neno kwa neno mbele ya majaji.

Hukumu ilitoka tarehe 2 Desemba 2008. Majaji walikubali kwamba nyimbo zile zilichezea chuki ya kikabila, na kwamba mwaka 1994 zilitumiwa katika propaganda iliyopita redioni RTLM. Lakini hawakuridhika, kwa kiwango ambacho sheria ya jinai inadai, kwamba alizitunga kwa nia ya kuchochea mauaji ya kimbari, wala kwamba yeye ndiye aliyezisambaza mwaka ule. Kilichomtia hatiani kilikuwa kipaza sauti. Mwishoni mwa Juni 1994, katika barabara inayounganisha Kivumu na Kayove, alipita katika msafara wa Interahamwe, na kwa maneno yasiyo na fumbo akawataka watu wawamalize Watutsi waliokuwa wamebaki. Kwa hayo akapewa kifungo cha miaka 15.

Nyimbo zikaponea kwenye shaka, maneno yakafungwa. Nadhani majaji walifanya sawa. Mahakama inayomfunga mtu kwa lahani ingeniogopesha kuliko mwimbaji yeyote. Ingetumiwa kesho yake na kila serikali isiyopenda kuimbwa. Hata hivyo swali la majaji lilikuwa la jinai, na langu ni jingine. Najiuliza ni kwa nini mtu aliyekuwa kando ya barabara ile asimame kusikiliza gari linalopita. Huenda kwa sababu aliijua sauti. Ni sauti aliyokwisha kuicheza, iliyomfurahisha kabla haijamwomba chochote. Mlango ulikuwa umefunguliwa miaka kadhaa nyuma, na aliyeufungua hakuwa amevunja sheria yoyote siku hiyo.

Msinielewe vibaya. Bahasha ya sadaka si panga, na mimi si Bikindi. Nimemtaja kwa sababu ni mtu wa kazi yangu aliyeulizwa hadharani, katika mji wangu, kile ninachojiuliza kimyakimya: fundi wa sauti anadaiwa nini na wale anaowafungua?

Utetezi wa pili ulikuwa wa kidini. Mzee wetu wa kwaya hupenda kumtaja nabii Elisha, ambaye kabla ya kutabiri aliomba aletewe mpiga kinanda. Ukiupinga muziki chini ya maombi, mzee huuliza, je, utampinga na Elisha? Mimi humjibu moyoni kwamba Elisha aliomba apigiwe yeye. Alijua kinanda kinaingia, alijua kinakwenda kufanya nini, na aliyepaswa kubadilika ni yeye mwenyewe. Hakumpigia mtu mwingine aliyefumba macho.

Wakubwa wa imani hawakuwa na utulivu wa mzee wetu. Agostino wa Hippo, katika kitabu cha kumi cha Maungamo, anahangaika hadharani: anakumbuka jinsi alivyolia kwa nyimbo za kanisa alipoongoka, kisha anakiri kwamba kuna nyakati anaguswa na uimbaji kuliko kinachoimbwa, na hilo analihesabu kuwa dhambi. Anamtaja Athanasio wa Aleksandria, aliyetaka msomaji wa zaburi apandishe na kushusha sauti kidogo sana, iwe karibu na kusema. Agostino hafiki mwisho. Anapima, anageuka, anapima tena. Nampenda kwa hilo.

Karne kadhaa baadaye Al-Ghazali, akitetea usikilizaji wa mashairi na muziki katika Ihya, aliandika hoja ambayo ilinipa usingizi kwa wiki nzima: muziki hauingizi moyoni kitu kisichokuwamo, bali huchochea kile kilichomo. Vizuri sana, nikasema. Basi mama yule alikuwa na ukarimu tayari, mimi nilipuliza kaa tu. Halafu usiku mmoja nikaona shimo. Moyoni mwa mama yule kulikuwa na vitu viwili siku ile, upendo kwa nyumba ya Mungu na upendo kwa binti yake. Vyote viwili ni vyake, vyote ni vya kweli. Nani alichagua kipi kichochewe? Hakuna kodi niliyopiga Jumapili ile kwa ajili ya ada.

Jirani na ninapokaa kuna chuo. Leo ni Chuo Kikuu cha Tumaini Makumira, na kinatoa mpaka shahada ya muziki. Jioni ukipita karibu unasikia ngoma na marimba, na mtu mmoja akirudia kipande kimoja cha tarumbeta mpaka unamwonea huruma. Zamani kilikuwa chuo cha theolojia cha Walutheri, kilichohamia hapa mwaka 1954. Miaka ya 1960 alifundisha hapo mmisionari wa Kimarekani, Howard Olson, na pamoja na wanafunzi wake alikusanya lahani za makabila mbalimbali ya nchi hii, zikaandikiwa maneno ya Kikristo, zikatoka katika kitabu kiitwacho Tumshangilieni Mungu. Wimbo wa Pasaka wa "Mfurahini, Haleluya" ni wa wakati huo: maneno ni ya Bernard Kyamanywa, ya mwaka 1966. Leo umo hata katika kitabu cha nyimbo cha kanisa la Kijerumani. Wajerumani walituletea nyimbo zao na tarumbeta zao za shaba, sisi tukawarudishia wimbo mmoja. Si biashara mbaya.

Nauleta wimbo huu kwa sababu nyingine. Wamisionari wengi wa mwanzo waliogopa ngoma zetu, wakazipiga marufuku. Kwa kawaida tunacheka woga huo, tunauita ujinga au dharau, na dharau ilikuwapo kweli. Lakini mtu anayeogopa ngoma angalau anakubali kwamba ngoma inafanya kazi. Vijana wa Makumira waliporudisha lahani za nyumbani kanisani hawakuwa wanaleta pambo. Walijua lahani inakuja na miguu yake, inakuja na harusi na kazi ya shamba ndani yake, na wakaamua kumkabidhi nguvu hiyo kila mtu aliye kwenye benchi. Katika wimbo wa namna ile anaanza mmoja na wote wanaitikia. Anayeguswa ndiye anayegusa. Bibi wa safu ya nyuma akichelewesha kiitikio, sote tunachelewa naye.

Kwa muda nilidhani hapo ndipo lilipo jibu: sauti ya pamoja ni halali, sauti ya mmoja juu ya wengi waliofumba macho si halali. Ni jibu zuri na halitoshi. Wale wa barabara ya Kivumu nao huenda waliimba pamoja. Uwanja wa mpira huimba pamoja na kumtukana mtu. Kuitikia hakumsafishi mwitikiaji.

Kinachonisaidia zaidi natoka nacho Usukumani, kwa rafiki niliyesoma naye. Huko kuna mashindano ya ngoma ya Wagika na Wagalu, pande mbili za tangu karne ya 19, zinazotokana na waganga wawili mashuhuri. Kila upande una manju wake, na anayevuta umati mkubwa ndiye mshindi. Manju hutumia dawa ya kuvuta watu. Hilo si siri. Anayekwenda uwanjani anajua kwamba huyu ana dawa, na yule wa upande wa pili anayo pia, na shabiki anahama kutoka huku kwenda kule akicheka, akilinganisha nani leo dawa yake imechacha. Niite mshirikina ukitaka, lakini naona uaminifu mkubwa pale kuliko katika ukumbi wetu. Manju hakufichi kwamba anakuvuta. Na akishakuvuta, anachotaka ni uwepo wako tu. Jioni unarudi nyumbani na ng'ombe wako wote.

Kwetu mambo mawili yalikuwa kinyume. Ishara zilifichwa. Na kapu lilipita kodi ikiwa bado inalia. Kadiri ninavyofikiri, la pili ndilo baya zaidi. Mama yuleyule ukimkuta Tengeru Jumamosi ukataka umpunguzie bei ya mkungu, atakutazama, atanyamaza, atakwambia ondoka kwanza ukazunguke halafu urudi. Anajua kwamba uamuzi wa hela unataka mwili uliopoa. Sisi tulihakikisha kwamba mwili wake haupoi mpaka kapu limepita. Tungepiga kodi ileile, akalia kilio kilekile, tukapitisha kapu Jumapili iliyofuata saa moja asubuhi kabla ya wimbo wa kwanza, nisingekuwa naandika haya.

Kuna anayesema basi usipige kabisa. Na hapo Luther, ambaye chuo cha Makumira kimesimama juu ya jina lake kwa namna fulani, angekasirika. Aliiweka sanaa ya muziki kwenye kiti kinachofuata theolojia. Mimi nami nimepiga kwenye misiba ambako watu walikuwa wamekauka, wamekaa kwenye viti vya plastiki hawawezi hata kulia, na kodi ile ile ya noti iliyocheleweshwa ikawafungua. Hakuna aliyewaomba kitu. Walilia, wakanywa chai, wakazika. Sitaki kuinyima misiba kodi hiyo kwa sababu ya kapu.

Nilikaa miezi kadhaa kabla sijamwendea mama. Nilimkuta nyumbani kwake, anamenya ndizi za kupika.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibu, kaa hapo."

Nikamweleza yote. Tai, kiganja, mwangwi, noti ya kati. Nilieleza kwa kirefu kama mtu anayetubu, na nadhani nilitegemea aidha anisamehe au anifukuze. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kuacha kumenya.

"Kwani wewe ulifikiri mimi sina masikio?" akasema. "Kinanda nilikisikia. Nilikuwa nakipenda. Mbele nilikwenda kwa miguu yangu."

Nikasema ndiyo, mama, lakini ile ada.

"Ada ilikuwa yangu, si yako. Usinifanye mtoto." Akatupa ganda kwenye karai. Kisha, baada ya muda: "Usiku ule nilipofika nyumbani niliulizwa na mwanangu, nikashindwa kumjibu. Nilitafuta ile hali niliyokuwa nayo pale mbele, sikuipata. Ningekuwa nayo ningemjibu." Akaniangalia. "Siku nyingine akisema tufumbe macho, wewe nyamaza kidogo. Tujisikie wenyewe kwanza."

Nimelirudia neno lake mara nyingi. Alinikatalia kosa nililotaka kulibeba lote, na alikuwa na haki. Kumwona kama chombo nilichokipiga kulikuwa kumdharau mara ya pili. Lakini alinionyesha kosa ambalo sikuwa nimeliona: sauti yangu ilimpa sababu ambayo hakuweza kurudi nayo nyumbani. Mtu akifanya jambo kubwa anahitaji kubaki na sababu yake mkononi, aweze kuionyesha kwa binti yake. Ya kwake iliishia pale nilipoinua vidole.

Jumapili iliyofuata mhubiri alisema fumbeni macho, akagusa tai. Sikupiga. Akagusa tena. Niliweka mikono mapajani. Kwanza ilikuwa kama umeme umekatika. Nilisikia bodaboda nje, bati likilia kwa jua, mtoto akiomba maji, na sauti ya mhubiri bila mwangwi, maana fundi mitambo naye, sijui kwa nini, alikuwa ameushusha. Ilikuwa sauti ya mtu wa kawaida aliyechoka kidogo. Nikaona baadhi ya watu wanafumbua macho na kunitazama. Mama yule hakufumbua.

Baada ya ibada niliulizwa kama kinanda kimeharibika. Nikasema hapana, nikaeleza. Hakukuwa na ugomvi. Nililipwa 30,000 zangu, nikaambiwa Mungu akubariki.

Jumapili ya pili yake nilikuta kijana mwingine amekaa kwenye kinanda. Nilikaa safu ya nyuma nikasikiliza. Mhubiri alipovuta pumzi, kijana aliichelewesha noti ya kati kwa ustadi kabisa, sekunde mbili hivi, kisha akaishusha. Mimi ndiye niliyemfundisha.